Mtu mmoja aliwezaje kuandika Derrick yote?

Msomaji wa Nakuru ameniuliza: "Utotoni kwetu tulikuwa tukiitazama Derrick kwenye KBC, Wajerumani wametiwa sauti za Kiingereza. Mwaka huu nimezipata tena sehemu kadhaa, na kila ninayoitazama jina la mwandishi ni lile lile: Herbert Reinecker. Ni kweli aliziandika zote peke yake? Alikuwa nani hasa, na aliwezaje? Nauliza kwa sababu mimi nami naandika tamthilia ya polisi, na nikifika sehemu ya tisa visa vinaniishia."

Ni kweli, dada yangu. Sehemu zote 281 za Derrick, tamthilia ya mpelelezi wa polisi wa Munich, kuanzia "Waldweg" iliyorushwa tarehe 20 Oktoba 1974 hadi "Das Abschiedsgeschenk" ya tarehe 16 Oktoba 1998, zimetoka katika mkono huo mmoja. Na kabla Derrick haijazaliwa alikuwa ameshika tamthilia nyingine ya upelelezi, Der Kommissar, iliyorushwa kati ya 1969 na 1976. Hiyo nayo aliiandika yote, sehemu 97. Ukijumlisha unapata skripti 378 za takriban saa moja moja, kila moja na kisa chake kinachoanza na kuisha. Kwa mwaka ni kama 12, na kuanzia 1974 hadi 1976 tamthilia zote mbili zilikuwa hewani kwa pamoja. Der Kommissar inaanza, yeye ana miaka 54. Derrick inakoma, ana miaka 83.

Hesabu hiyo hututia hofu sisi tunaoandika, lakini usiikodolee macho sana. Ukitaka kujua aliwezaje, angalia alitoka wapi, alifanya kazi na nani, na alikuwa akiuliza swali gani kila alipoketi mezani. Hilo la tatu ndilo litakalokusaidia na sehemu yako ya tisa.

Reinecker alizaliwa Hagen, mji wa viwanda wa Westfalen, mkesha wa Krismasi ya 1914. Shule ya filamu hakuipitia. Zile za Munich na Berlin Magharibi zilianzishwa 1966, yeye akiwa amekwisha kuvuka miaka 50. Kazi aliifunzwa na magazeti. Katikati ya miaka ya 1930 alihamia Berlin na kufanya kazi kwenye majarida ya Vijana wa Hitler. Vita vilipokuja akawa mwandishi wa habari za vita katika kikosi cha propaganda cha Waffen-SS, jeshi la kundi la SS la chama cha Nazi, na makala zake zilitoka hata katika Das Schwarze Korps, gazeti la SS lenyewe. Mwaka 1944 yeye na mwongozaji Alfred Weidenmann waliandika Junge Adler, filamu iliyowatengenezea vijana picha tamu ya kiwanda cha ndege za kivita na ya taifa linalopigana. Nitalirudia jambo hili chini, maana halikuwa doa dogo la ujana. Mtu huyu alikuwa na miaka 30 vita vilipoisha, na kalamu yake ilikuwa imeutumikia utawala ule kwa miaka mingi.

Baada ya vita alirudi kuishi kwa kuandika. Mwaka 1954 ikatoka Canaris, inayomhusu admirali aliyeongoza ujasusi wa jeshi la Ujerumani na kunyongwa Aprili 1945, na skripti hiyo ikampatia tuzo ya filamu ya taifa. Mwongozaji alikuwa Weidenmann tena. Mwaka 1957 wawili hao wakatoa Der Stern von Afrika, kuhusu rubani wa kivita katika Afrika Kaskazini. Ni filamu za ustadi, na ni filamu zinazowapa Wajerumani wa miaka ile kile walichotamani kusikia: kwamba askari wao walikuwa watu wema waliokamatwa na zama mbaya. Miaka ya 1960 akaingia katika filamu zilizotokana na riwaya za upelelezi za Mwingereza Edgar Wallace, zenye ukungu wa London na watawa wenye mijeledi, nyingine akiziandika kwa jina la Alex Berg. Huko ndiko alikozoea kuandika haraka na kwa bajeti ndogo. Nikizitazama leo naona mafunzo ya ufundi ndani yake kuliko sanaa.

Kisha ikaja televisheni. Kituo cha pili cha taifa, ZDF, kilianza kurusha matangazo tarehe 1 Aprili 1963, na kilihitaji vipindi vya kushindana na ARD, kituo cha kwanza. ARD ilikuwa na tamthilia ya polisi Stahlnetz, iliyoandikwa na Wolfgang Menge tangu 1958 kutokana na majalada halisi ya polisi: nani alipiga simu, nani alikwenda wapi, alama gani ilipatikana kwenye kitasa cha mlango. Watazamaji waliipenda mno. Mtayarishaji Helmut Ringelmann na Reinecker, waliokwisha kufanya pamoja tamthilia fupi fupi za sehemu tatu, walishika njia nyingine. Der Kommissar ilipotokea tarehe 3 Januari 1969, Kamishna Keller, aliyechezwa na Erik Ode, hakuwa na haraka ya kitasa cha mlango. Alikaa na watu. Aliwasha sigara, akauliza swali dogo, akanyamaza. Na ingawa televisheni ya rangi ilikuwa imeingia Ujerumani Magharibi tangu 1967, tamthilia hiyo ilibaki nyeusi na nyeupe mpaka sehemu ya mwisho.

Derrick iliurithi mtindo huo na kuutia rangi. Hata mtu mmoja alihamishwa: Fritz Wepper, aliyecheza Harry Klein, msaidizi wa Keller, aliondoka na jina lake la tamthilia na kwenda kuwa Harry Klein, msaidizi wa Derrick. Nafasi aliyoiacha ikachukuliwa na ndugu yake wa damu, Elmar.

Sasa tuje kwenye kazi yenyewe.

Jambo la kwanza ni la kitaasisi, na waandishi wengi wanaomhusudu Reinecker hulisahau. Alikuwa na mtayarishaji mmoja kwa karibu miaka 30, kituo kimoja, muda mmoja wa kudumu (mara nyingi Ijumaa usiku saa 2:15), na kundi dogo la waongozaji waliorudi tena na tena: Theodor Grädler, Alfred Vohrer, Zbyněk Brynych, Helmuth Ashley, na yule yule Weidenmann wa 1944. Fedha zilitoka ZDF ikishirikiana na vituo vya taifa vya Austria na Uswisi. Kwa hiyo alipoandika tukio la mtu anayefungua mlango wa nyumba ya kifahari na kumkuta mpelelezi, alijua litapigwa vipi, na Horst Tappert, aliyemcheza Derrick, atainamisha kichwa namna gani kabla ya kusema. Hakuwa na haja ya kueleza. Mwandishi anayejua macho ya mchezaji wake anaweza kufuta nusu ya maneno, na ukifuta nusu ya maneno unaandika upesi zaidi. Watu husema alikuwa na kasi ya ajabu. Mimi naona kasi hiyo ilitokana kwanza na kuaminiwa.

Jambo la pili ni vipimo. Tazama sehemu yoyote ya miaka ya 1970 au 1980 ukiwa na kalamu. Utaona watu sita au saba wenye uzito, nyumba mbili tatu, ofisi, baa au hoteli, gari. Risasi ni chache. Mara nyingi kifo hukioni kabisa, unamwona tu aliyelala na watu waliosimama. Munich yenyewe imepunguzwa ikawa mitaa ya matajiri: Grünwald, Bogenhausen, bustani zenye ua mrefu. Vizuizi hivi vilimpa mahali pa kuanzia kila mara. Hakupoteza wiki akijiuliza kisa kitatokea wapi.

Na jambo la tatu ni lile swali lake. Mwanzoni, Derrick ilikuwa ikimwonyesha mtazamaji muuaji mapema. Katika "Waldweg" tunamjua. Kinachosubiriwa ni jinsi mpelelezi atakavyomfikia. Watazamaji wengi wa Ujerumani hawakuupenda mpango huo, wakataka fumbo, na baada ya muda tamthilia ikarudi kwenye kawaida ya kumficha muuaji. Lakini tazama kilichotokea: mpango ulibadilika, swali halikubadilika. Reinecker hakuvutiwa sana na "nani?" Alivutiwa na kinachomtokea mtu wa kawaida baada ya kutenda jambo asilodhani angeweza kulitenda. Anakulaje chakula cha jioni? Anamjibuje mkewe? Nani nyumbani anajua na amenyamaza? Derrick anapoingia sebuleni haendi kutafuta alama za vidole. Anakwenda kutazama nyuso, na anarudi, na anarudi tena, mpaka mtu mmoja asiyeweza kubeba anachokijua anaanza kusema.

Kwa sababu hiyo visa havikumwishia. Fumbo huisha likishateguliwa, na mwandishi wa mafumbo inambidi abuni jingine kila mara. Swali la Reinecker lilibadilika kila lilipobadilishiwa mtu. Mpe baba anayemkinga mwanawe, una sehemu moja. Mpe mwana anayegundua kwamba baba anamkinga bila yeye kutaka, una nyingine. Mpe mfanyabiashara dhaifu mwenye rafiki mwenye nguvu, msichana aliyeona jambo na hakuna anayemwamini, mwanamume aliyetoka jela akakuta dunia yake imehamia kwa mwingine. Mhimili ni ule ule, na mimi niliyezitazama kwa wingi nakuambia kwamba sehemu zake bora zaidi hazina hila yoyote ya ajabu katika njama. Zina tukio moja ambalo huwezi kulisahau, la watu wawili mezani, mmoja akijua na mwingine akijua kwamba anajua.

Usije ukadhani namsifu bila kuona. Mtu mmoja akiandika kila kitu, udhaifu wake pia unaingia kila mahali na hakuna wa kumzuia. Wanawake wake mara nyingi wamepewa nafasi mbili: kuuawa au kungoja. Ulimwengu wake ulibaki ule wa nyumba kubwa wakati Munich yenyewe ilikuwa inabadilika nje ya dirisha. Na kuanzia miaka ya 1980, hasa alipogusa dawa za kulevya na vijana waliopotea, Derrick anaanza kuhubiri. Zinakuja hotuba ndefu kuhusu uovu na ubinadamu, wahusika wote wakizungumza kwa sauti moja, sauti ya mzee aliyekata tamaa na zama zake. Baadhi ya sehemu za miaka ya 1990 nashindwa kuzimaliza. Mhariri mkali angemsaidia sana. Hakuwa naye, au alikuwa naye na hakusikilizwa. Matokeo kwenye kioo ni yale yale.

Niliahidi kulirudia jambo la vita. Tamthilia iliuzwa katika nchi zaidi ya 100 na ikawapa watu wengi picha ya Mjerumani mpya: mtulivu, mwenye haki, anayemhurumia hata mkosaji. Kisha mwaka 2013, zaidi ya miaka minne baada ya Tappert kufariki, zikajitokeza nyaraka zilizoonyesha kwamba alikuwa katika Waffen-SS, jambo alilolificha maisha yake yote ya hadharani. ZDF ikatangaza kwamba haitazirudia tena sehemu za Derrick. Habari za Reinecker zilikuwa wazi zaidi kuliko hizo: makala zilikuwepo kwenye maktaba, filamu ya 1944 ilikuwepo, na mwaka 1990 alitoa kitabu cha maisha yake. Alifariki Januari 2007, akiwa na miaka 92.

Wapo wanaosema tamthilia ni tamthilia na maisha ni maisha. Mimi siwezi kuvitenga hivyo. Mtu aliyeandika mara 378 kuhusu hatia, kuhusu watu wanaoishi kwa heshima juu ya jambo lililozikwa, aliyajua aliyokuwa akiyaandika. Katika nyumba zile za Grünwald kila mara kuna mtu mzima ambaye hataki kuulizwa alikuwa wapi usiku fulani. Lakini mauaji ya Reinecker karibu daima ni ya mtu binafsi: wivu, fedha, woga, familia. Uovu unaotendwa na dola, kwa amri, kwa mihuri na magazeti, uovu alioushuhudia na kuuandikia, haumo katika tamthilia ya miaka 24 isipokuwa kwa mbali mno. Kwangu hilo ndilo pengo kubwa kuliko hotuba zote ndefu. Ninapofundisha ufundi wake, historia yake naisimulia siku hiyo hiyo, kwa wanafunzi wale wale.

Je, leo mtu anaweza kuwa na kazi kama yake huko Ujerumani? Hapana, na sababu zake zitakufaa kuzijua. Tamthilia kubwa ya upelelezi sasa ni Tatort ya ARD, iliyoanza tarehe 29 Novemba 1970 na kuvuka sehemu 1,200. Ilijengwa kinyume kabisa na Derrick: kila kituo cha mkoa kina mji wake, wapelelezi wake na waandishi wake, na kila sehemu ni filamu ya dakika 90. Mwandishi wa kawaida huanza na muhtasari wa kurasa chache, halafu maelezo marefu ya kisa tukio kwa tukio, halafu skripti ya kwanza, ya pili, ya tatu. Kila hatua inapitia kwa mhariri wa kituo na kwa mtayarishaji, na malipo huja kwa mafungu kufuatana na hatua hizo. Mwandishi kama Felix Huby, aliyekuwa ripota wa jarida la Der Spiegel kabla ya kuanza riwaya na baadaye Tatort, anaonyesha njia ya kizazi kilichofuata: visa vingi, wapelelezi tofauti katika miji tofauti, na hakuna anayemkabidhi mtu mmoja Ijumaa nzima ya taifa.

Hatua nyingi zina faida, lakini pia zimewaumiza waandishi. Wengi walijikuta skripti zao zimebadilishwa na mwongozaji bila kuulizwa, na jina lao halikutajwa hata kwenye tangazo la kituo kwa magazeti. Juni 2018 waandishi zaidi ya 90, Annette Hess miongoni mwao, waliweka sahihi tamko lililoitwa Kontrakt 18. Walisema hawatatia saini mkataba mpya kama hauwapi sauti katika kumchagua mwongozaji, mwaliko kwenye usomaji wa pamoja wa skripti na wachezaji, na haki ya kuulizwa kabla ya mabadiliko. Mambo aliyopewa Reinecker na Ringelmann kwa urafiki na mazoea, hawa ilibidi wayapiganie kwa maandishi. Wewe unapozungumza na mtayarishaji wako, hayo matatu ndiyo ningekuomba uyaombe mapema, kabla ya kuzungumzia idadi ya sehemu.

Sasa sehemu yako ya tisa. Nahisi umekwama kwa sababu unatafuta uhalifu mpya: wizi wa benki umeshautumia, utekaji umeshautumia, mauaji hotelini umeshayatumia. Acha kutafuta uhalifu. Chukua ule wa sehemu ya kwanza, ule ule, na umpe mtendaji mwingine: mtu ambaye mtaa wake wote ungeapa kwamba hawezi. Kisha andika tukio moja tu ambalo Reinecker aliliandika mara nyingi kuliko jingine lolote, mpelelezi kubisha hodi nyumbani kwa marehemu kuleta habari. Andika nani anafungua mlango. Andika anayekaa na anayebaki amesimama, anayeuliza "alikufaje?" na asiyeuliza. Katika familia zetu habari ya kifo ina taratibu zake: nani ataambiwa kwanza, nani hawezi kuambiwa na mgeni, nani atatoka nje kupiga simu kabla mpelelezi hajamaliza sentensi. Reinecker hakuwa na utajiri huo; sebule zake zilikuwa na watu watatu na saa ya ukutani. Wewe una shangazi, jirani, mzee wa mtaa na mtoto aliyejificha nyuma ya pazia. Ukishajua ni nani kati yao hakushtuka, niandikie tena.